Je, Liko Jina la Kiislamu?

Khabari ya majina ni jambo ambalo watu hulidhani dogo, na kwa kulidhani dogo wameacha kulisoma. Hapa kwetu Kenya husilimu watu wa kabila mbalimbali, na wengi wao ni watu wa bara. Mtu aliyekuwa akiitwa Odhiambo, mwana wa Okoth, huingia msikitini asubuhi akatamka shahada, na inapofika adhuhuri hutoka akiitwa Abdalla bin Abdalla. Kuondoka kwa jina lake pengine si neno, maana jina ni lake na ana haki ya kulibadili. Lakini jina la babake nalo limeondoka. Mzee Okoth aliyemzaa, akamlea na kumlipia skuli, yu hai kijijini kwake. Na mwanawe ameandikwa kuwa ni mwana wa mtu asiyekuwako duniani. Akienda kumtazama, mzee huuliza, "Kwani nimekukosea nini, mwanangu, hata ukanikana?" Na sisi tuliomfundisha huyo kijana tumemwambia kwamba hiyo ndiyo dini.

Ni dini kweli? Kabla ya kujibu, yafaa tutazame kwanza majina ya watu hutoka wapi, kwani asiyejua asili ya kitu hawezi kukihukumu.

Watu wengi ulimwenguni hupewa majina kwa wakati waliozaliwa. Wajaluo humwita Otieno mtoto wa kiume aliyezaliwa usiku, na wa kike Atieno. Omondi na Amondi ni wa alfajiri. Okoth na Akoth ni wa wakati wa mvua. Wakalenjin humwita Kipkoech na Chepkoech aliyezaliwa kunapopambazuka, na Kiprop na Cherop wa siku ya mvua. Mkamba aliyezaliwa mvuani ni Wambua, na binti wa Kidigo ni Nyamvula. Na sisi Waswahili tuna Juma na Mwanajuma, Khamisi na Mwanakhamisi, Rajabu, Shaabani, Ramadhani, Mwanaidi, na Masika. Mbali na hapa, huko Ghana, watu wa Akan humwita Kofi aliyezaliwa Ijumaa na Kwame aliyezaliwa Jumamosi. Marehemu Kofi Annan, aliyekuwa Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa, alizaliwa tarehe 8 Aprili 1938, na siku hiyo ilikuwa Ijumaa. Basi Kofi wa Ghana, Juma wa Mombasa na Danjuma wa Kihausa ni jina moja lililovaa nguo tatu.

Sasa msomaji na atazame hapa. Binti aitwaye Atieno husilimu, akaambiwa jina lake ni la kijahili, akapewa jina la Leila. Na Leila ni nini? Ni neno la Kiarabu litokalo katika usiku. Ametolewa katika usiku wa Kijaluo akatiwa katika usiku wa Kiarabu. Vilevile Okoth ni mvua, na Waarabu wa Ghuba wana jina la Matar, na Matar ni mvua iyo hiyo. Maana haikubadilika hata kidogo. Kilichobadilika ni lugha tu. Basi tuliambiane ukweli: tulichokikataa hapo ni Kijaluo, na ukafiri haukuwamo.

Njia nyingine ya kutoa majina ni kuwarithisha wajukuu majina ya wazee. Wakikuyu wana taratibu iliyonyoka: mtoto wa kiume wa kwanza huitwa kwa jina la babake baba, wa pili kwa babake mama, na mabinti vivyo hivyo kwa nyanya zao. Watu wa pwani nao wengi hufanya hayo, ndiyo maana nasaba zetu huenda Ali bin Omar bin Ali bin Omar mpaka msikilizaji akapotea njia. Na desturi hii haina ubaya. Mtume (S.A.W.) alipozaliwa mwanawe kwa Bibi Maria, aliwakhabarisha masahaba kwamba usiku ule amepata mwana, naye amemwita kwa jina la mzee wake Ibrahim.

Yako pia majina ya huzuni. Kwetu twayajua: Tabu, Shida, Mashaka, Sikitu, Siwatu. Mengine husimulia dhiki ya siku zile, na mengine ni maneno ambayo mama huwapigia majirani kwa kinywa cha mtoto, kwani "si watu" ni nani kama si wale wa mlango wa pili? Wahausa wana jina la Ajuji, yaani jaa la takataka, ambalo hupewa mtoto aliyetanguliwa na ndugu waliokufa, ili mauti yamwone duni yampite. Wayoruba nao wana Malomo, yaani usiende tena. Moyo wa mzazi aliyefiwa twauhurumia; lakini itikadi ya kwamba mauti yanaweza kudanganywa kwa jina haina nafasi kwa mwenye kumwamini Mungu mmoja, na mtoto hubakia na jaa lake mpaka uzeeni.

Tuje kwa Waarabu wenyewe. Jina kamili la Mwarabu wa zamani lilikuwa na sehemu nyingi: jina lenyewe, kunya, kama Abu fulani au Ummu fulani, nasaba, kwa bin au binti, lakabu, yaani sifa, na nisba, ambayo huonyesha mji, kabila au kazi. Hawakuwa na jina la ukoo kama Wazungu wa leo. Hata Wazungu wenyewe si wote walio nalo: watu wa Iceland mpaka sasa hujiita kwa baba zao, mwana wa Jón huwa Jónsson na bintiye Jónsdóttir, kama tuvyofanya sisi kwa bin na binti. Waturuki walilazimishwa jina la ukoo kwa sheria ya mwaka wa 1934, na ndipo Mustafa Kemal akapewa la Atatürk.

Lakini tunalotaka hasa ni hili. Majina ambayo sisi leo twayaita ya Kiislamu, mengi yake yalikuwako kabla ya Uislamu. Sayyidna Umar aliitwa Umar na babake Al-Khattab, katika Makka iliyojaa masanamu. Uthman, Ali, Hamza, Talha, Khalid, Khadija na Zainab ni majina ya Waarabu wa ujahili. Waliposilimu hakuna aliyewaambia watafute majina mapya. Majina hayo yalipata utukufu kwa matendo ya wenyewe, wala si wao waliopata utukufu kwa majina. Na nasaba zao zilibaki kama zilivyo. Khalid alibaki bin Al-Walid, na babake alikuwa katika wapinzani wakubwa wa Uislamu. Ikrima alisilimu akabaki mwana wa Abu Jahl, na hapana asiyemjua Abu Jahl. Mtume mwenyewe (S.A.W.), ukiisoma nasaba yake, utapita kwa Abd Manaf, na Manaf lilikuwa sanamu, utafika kwa Kilab, na maana yake ya dhahiri ni mbwa, kisha kwa Murra, na maana yake ni uchungu. Siku ya Hunain, watu walipokimbia, alijitaja mbele ya maadui kuwa ni mwana wa Abdul-Muttalib. Hakuifuta nasaba yake wala kuionea haya.

Huenda mtu akasema: mbona Mtume alibadili majina ya watu? Ni kweli alibadili, nasi tutazame aliyoyabadili ni yapi. Kwanza ni yale yenye ushirikina. Abdurrahman bin Auf alikuwa na jina la utumwa wa asiyekuwa Mungu, akaitwa Abdurrahman. Abu Huraira alikuwa Abd Shams, yaani mja wa jua. Pili ni yenye maana mbaya: binti wa Sayyidna Umar aliyeitwa Asiya, kwa herufi ya ain, yaani muasi, alimwita Jamila. Tatu ni ya kujisifu: aliyeitwa Barra, yaani mwema, alimwita Zainab, asije akajitakasa nafsi yake. Na jina alilolichukia mno ni la mtu kujiita mfalme wa wafalme. Katika yote hayo hukuti hata moja lililobadilishwa kwa sababu ya lugha au kabila yake.

Tena iko khabari ya Hazn, nayo yapendeza kwa unyofu wake. Hazn ni ardhi ngumu. Mtume alimwambia awe Sahl, yaani laini. Yule mzee akakataa, akasema hatalibadili jina alilopewa na babake. Mtume hakumlazimisha. Mjukuu wake, Said bin Al-Musayyab, mwanachuoni mkubwa wa Madina, alikuwa akisema kwamba ule ugumu haukuondoka katika ukoo wao mpaka siku zake. Basi jina lina athari yake, na aliyeshauriwa vizuri na akakubali amefanya bora. Lakini hata Mtume wa Mungu alishauri, hakulazimisha. Sisi tumepata wapi amri ya kulazimisha?

Wanafunzi wa nahau watakumbuka somo la majina yasiyotiwa tanwini. Katika sababu zake ni jina kuwa la kiajemi, yaani si la Kiarabu, na mifano wapewayo darasani ni Ibrahim, Ismail, Is-haq na Yaaqub. Katika majina ya Mitume, wanazuoni wa lugha huhesabu machache tu kuwa ya Kiarabu: Muhammad, Salih, Shuaib na Hud. Yaliyobaki ni ya kigeni. Ismail ni Kiebrania, na ndani yake mna maana ya kusikia kwa Mungu. Musa, kwa rai ya wachunguzi wengi, ni neno la Kimisri lenye maana ya mwana, lile lile lililo katika majina ya mafirauni kama Thutmose. Yahya wetu ni Yohana wa Wakristo, naye ndiye John wa Waingereza, Juan wa Wahispania na Ivan wa Warusi. Basi Mtume alipomwita mwanawe Ibrahim, alimpa jina la kiajemi. Na lau lugha ya Kiarabu ingekuwa sharti ya jina, yeye angekuwa wa kwanza kuitimiza.

Maulamaa waliofuata walilijua hili. Imam Al-Bukhari, ambaye kitabu chake twakitegemea baada ya Kurani, ni Muhammad bin Ismail bin Ibrahim bin Al-Mughira bin Bardizbah. Bardizbah hakuwa Mwarabu wala hakuwa Mwislamu. Alikuwa mtu wa Bukhara katika dini ya Majusi, na aliyesilimu ni mwanawe Al-Mughira. Jina lake limeandikwa katika kila kitabu kitajacho maisha ya Imam, na hapana aliyelifuta akaandika Abdalla. Imam Abu Hanifa ni Nuuman bin Thabit bin Zuta, na Zuta si Mwarabu. Sultani wa mwisho wa Unguja, aliyeondolewa katika mapinduzi ya Januari 1964, aliitwa Jamshid, na huyo ni mfalme wa hadithi za Waajemi wa kale waliokuwa kabla ya Uislamu. Hatukusikia shekhe aliyemtaka alibadili. Indonesia ina Waislamu wengi kuliko takriban nchi yoyote, na rais wake wa kwanza, Sukarno, alizaliwa akaitwa Kusno, kisha kwa kuwa alikuwa mgonjwa mgonjwa utotoni babake akambadili jina kwa kumtaja Karna, shujaa wa hadithi za Kihindi. Huko China, Waislamu wengi wana jina la ukoo la Ma, ambalo kwa maandishi yao ni farasi, na wengi hulihesabu kuwa ni kifupi cha Muhammad. Amiri wa bahari Zheng He, ambaye safari zake zilifika pwani yetu, na ambaye zama zake Malindi ilipeleka twiga katika jumba la mfalme wa China mwaka wa 1415, alizaliwa akiitwa Ma He, na babake alikuwa mtu aliyehiji.

Basi jina la Mjava likubaliwe, la Muajemi likubaliwe, la Mchina likubaliwe. La Mkamba lina dhambi gani?

Hapa hatuna budi kusema lililo zito, nalo ni la pwani yetu sisi. Karne ya kumi na tisa, watu waliotekwa bara wakaletwa Unguja, Pemba, Malindi na Mombasa, walipewa majina mapya na waliowanunua. Wakaitwa Feruzi, Almasi, Mabruki, Farhani, Faida. Ni majina mazuri kwa sauti, lakini yatazame vizuri: ni majina ya vito na ya bahati, kama mtu anavyotaja mali yake. Baba zao na mama zao hawakuandikwa popote. Sidi Mubarak Bombay, yule Myao aliyewaongoza wasafiri Burton na Speke, alikufa mwaka wa 1885 akiwa na jina ambalo neno lake la kwanza ndilo Wahindi waitalo watu weusi, la pili ni mbarikiwa, na la tatu ni mji wa India alikopelekwa. Jina alilopewa na mamake halijulikani. Utumwa ukapigwa marufuku Unguja na Pemba mwaka wa 1897, na katika pwani ya Kenya mwaka wa 1907, na wengi wakayaacha majina yale kwa sababu walijua yanasema nini. Tena imepokewa katika Sahihi Muslim kwamba Mtume alikataza kumwita ghulamu majina kama Rabah, na maana yake ndiyo hiyo faida. Maulamaa husema katazo hilo ni la karaha, si la haramu, na sababu iliyotajwa ni kwamba mtu huulizwa, "Yupo Faida?", akajibu, "Hayupo". Sisi hatusemi zaidi ya hayo. Lakini ajabu ni kwamba waliojua kusoma walikuwako, na majina yakaendelea.

Na sasa tumtazame Zaid. Alikuwa mtoto wa kabila ya Kalb, akatekwa, akauzwa, akafika kwa Bibi Khadija, naye akampa Mtume. Babake Haritha akamtafuta mpaka akamwona Makka akataka kumkomboa. Zaid akachagua kubaki, na Mtume akamfanya mwanawe, watu wakamwita Zaid bin Muhammad. Je, yuko baba mtukufu zaidi ya huyo wa kunasibishwa kwake? Hata hivyo ikashuka aya katika Sura ya Al-Ahzab ikaamrisha watu waitwe kwa baba zao wa kweli, na kwamba huo ndio uadilifu mbele ya Mungu. Na wasiojulikana baba zao ni ndugu katika dini. Zaid akarudi kuwa bin Haritha. Haritha alikuwa mtu wa kawaida wa jangwani, na haki yake ya kutajwa ilishinda. Na katika masahaba wote, Zaid peke yake ndiye aliyetajwa kwa jina katika Kurani, ndani ya Sura iyo hiyo.

Kwa aya hii twaona wazi kwamba kumwandika mwana wa Okoth kuwa bin Abdalla hakuna msingi. Wengine hujitetea kwamba watu wote ni waja wa Mungu, kwa hiyo kila baba ni Abdalla. Hiyo ni hila ya maneno. Nasaba hutajwa ili watu wajulikane, na ili wanaoharimiana wasije wakaoana pasi na kujua. Watoto wa huyu Abdalla bin Abdalla watawajuaje shangazi zao na watoto wa ami zao, ikiwa kitambulisho chao chakanusha kwamba babu yao ni Okoth?

Yapasa pia tukumbuke jinsi Waislamu wenyewe walivyoonja uchungu wa kunyang'anywa majina. Bulgaria, katika majira ya baridi ya mwaka wa 1984 na 1985, serikali iliwalazimisha Waislamu wa asili ya Kituruki, mamia ya maelfu ya watu, kuacha majina yao wakapewa ya Kibulgaria. Mbeba vyuma mashuhuri Naim Süleymanoğlu aligeuzwa Naum Shalamanov. Mwaka wa 1986 akatoroka, na mwaka wa 1988 akapata medali ya dhahabu huko Seoul kwa jina lake na kwa nchi ya Uturuki. Katika kiangazi cha mwaka wa 1989 zaidi ya watu laki tatu waliihama nchi. Kisha utawala ule ukaanguka, na mwaka wa 1990 ikatolewa sheria ya kuwarudishia watu majina yao. Sisi sote twaliita jambo hilo dhulma, na ni dhulma. Hapa petu nako, wamisionari walimwambia Mwafrika kwamba hawezi kubatizwa kwa jina la babu yake. Mwandishi Ngũgĩ wa Thiong'o, aliyefariki mwaka wa 2025, alitoa vitabu vyake vya kwanza kwa jina la James Ngugi kabla ya kulitupa lile la ubatizo. Tuliwacheka wamisionari kwa hilo, kisha tukafanya lilo hilo.

Asidhani mtu kwamba twayapinga majina ya Kiarabu. Imepokewa kwamba majina yapendezayo mno kwa Mungu ni Abdalla na Abdurrahman, na mwenye kusilimu akipenda mwenyewe kujiita Yusuf au Maryam kwa mapenzi ya Mitume na watu wema, ni kheri. Wala matamshi si kosa: sisi husema Bakari, Athumani, Fatuma na Hadija, Waturuki husema Mehmet, watu wa Senegal husema Mamadou, na Wasomali husema Fadumo. Kila watu wana ulimi wao. Linalostahili kuonywa ni jingine, nalo ni kuita kwa kukata. Abdul peke yake si jina. Ni "mja wa", na msikilizaji hubaki akingoja mja wa nani. Na Abdurrahman kuitwa Rahmani, au Abdulrazak kuitwa Razaki, ni kumpa mja sifa ya Mola wake. Wako pia wazazi wa siku hizi wafunguao simu wakachagua neno kwa utamu wa sauti, wasijue ni jina, ni kitenzi au ni herufi. Hao na wamuulize mwenye kujua Kiarabu kabla ya siku ya saba.

Na kwa yule ambaye tayari ameandikwa bin Abdalla ilhali baba yake amjua: sheria ya Kenya yamruhusu kurekibisha kwa hati ya kubadili jina, ambayo hutiwa saini mbele ya wakili, ikasajiliwa, na tangazo lake likachapishwa katika Gazeti la Serikali, kisha ndipo hubadilisha kitambulisho. Aweza kubaki na Abdalla yake ya kwanza akipenda, akaandika Abdalla Okoth. Na akiwa ana watoto, vyeti vyao vya kuzaliwa navyo avitazame mapema, kabla hawajafika kwenye mitihani ya skuli, kwani jina likiisha ingia katika cheti cha mtihani kulirekibisha huwa ni kazi kubwa zaidi.